Mabegi Mawili Hadi Steji

Watu hudhani beki anacheza kwa miguu. Wacha wadhani. Nimecheza beki wa kati miaka kumi na miwili, mitano nikilipwa vijisenti na saba nikilipwa vizuri kiasi, na nawaambia kazi yenyewe ni ya mdomo. Miguu ni ya straika. Straika anaweza kumaliza mechi bila kusema neno, akafunga goli moja la bahati, akaimbiwa na jukwaa zima na kwenda zake. Beki akinyamaza dakika moja, timu imekwisha.

Ndiyo maana hiki chumba changu cha mtaa wa Kianda kinanishinda. Ni chumba kizuri tu, sakafu ya simiti, bati halivuji, maji yako karibu. Kinachonishinda ni kukaa kimya. Nje kuna kelele za kutosha, redio za majirani, boda boda, wanafunzi wakipita kwenda shuleni upande wa Olympic, lakini hakuna hata sauti moja inayonihusu. Asubuhi naamka, goti linalia kama mlango mbovu, nachemsha chai ya mtu mmoja. Siku nyingine inafika saa nane mchana ndipo nagundua sijafungua mdomo tangu niamke. Mimi, jamani, ambaye mshahara wangu ulikuwa wa kupiga kelele!

Nina jambo nimelikalia miaka tisa. Linamhusu mwenzangu wa katikati, yule tuliyecheza bega kwa bega ile miaka mitano ya kwanza. Kwao ni Kawangware, na si kwa kupanga. Babu yake alikuwa na shamba hapo kabla mji haujafika, na sasa shamba limekuwa ploti zenye vyumba vya mabati. Sisi ni watu wa kutoka kando ya Ziwa, tumekuwa wapangaji tangu nizaliwe. Alikuwa akinitania, "Mpangaji, umelala poa?" Nami namjibu, "Landilodi, unacheza mpira ya nini na una ploti?" Tulianza hivyo kila asubuhi ya mazoezi, na siku asipoanza nilijua anaumwa.

Jumamosi nyingi alikuja kula kwetu. Mama alikuwa akimpa kichwa cha samaki, heshima ya mgeni wa kiume, na mara ya kwanza jamaa alikikodolea macho nacho kikimkodolea. Kwao walikuwa hawali samaki sana. Mama akamwambia, "Anza na shavu, kijana wangu, jicho utalimaliza mwisho." Alikula mpaka jicho. Tangu siku hiyo mama akimuona mlangoni anaweka sufuria kabla hajasalimiwa, na mimi mtoto wake wa kuzaliwa nikawa mtu wa mkia.

Sasa nieleze kazi, maana bila hiyo hutaelewa kosa langu. Mabeki wanne wanasimama kwenye laini moja. Mpinzani akikaribia kupiga mpira mrefu, mmoja wetu anapaza sauti, "Panda!", na wote wanne tunakimbia hatua tatu mbele kwa pamoja. Straika wao anayesubiri pasi anajikuta nyuma yetu, ameotea, kibendera kinainuliwa, mambo yameisha. Lakini lazima tupande sote. Mmoja akibaki, straika hajaotea tena, na mbele yake amebaki kipa tu. Kwa hivyo anayeita "panda" ameshika maisha ya wote. Kwetu aliyeita ni mimi. Mwenzangu aliita mipira ya juu, "Wangu!", na mimi niliita laini. Yeye macho yake hayakutoka kwenye mpira hata kidogo, alikuwa na ugonjwa huo, lakini masikio yake yalikuwa kwangu.

Tulikuwa na sheria yetu sisi wawili, hata kochi hakuijua. Aliyesahau kuita mazoezini anabeba mabegi yote mawili kutoka uwanjani hadi steji ya matatu. Si mbali, ila begi lenye viatu vya matope na jezi mbichi lina uzito wake, na mwenzako anatembea mbele mikono mitupu, akipiga mluzi, akimwambia kila anayepita, "Huyu ni mtu wangu wa mizigo, msimjali." Aibu yake haikuwa ndogo. Ukifika steji, kosa limekwisha, haliongelewi tena. Wote wawili tulibeba mara nyingi. Lakini hayo ni mazoezini. Kwenye mechi, miaka mitano, sikuwahi kukosa kuita laini. Hata mara moja. Nilijivunia hilo kuliko jambo lolote maishani, na yeye alilijua, maana alikuwa akiwaambia wengine, "Huyu wangu hata akilala anaita."

Msimu wa tano tulikuwa kwenye matope, pale chini kabisa kwenye msimamo. Siku mbili kabla ya mechi ya mwisho, kipa wetu akaniambia tukifunga kamba za viatu, "Kwani hujaskia? Ile timu kubwa imetuma mtu aongee na mwenzako." Nikasema nimeskia. Uongo. Sikuwa nimesikia kitu.

Nikamnunia. Mtu mzima, ndevu kidevuni, nikamnunia kama mtoto aliyenyimwa mandazi. Alinisalimia, "Mpangaji, niaje," nikaguna. Akauliza, "Kuna nini?" Nikasema hakuna. Nilitaka aniambie mwenyewe. Labda alikuwa anasubiri mambo yakamilike, labda alitaka kuniambia baada ya mechi, sijui, na mpaka leo sijamuuliza. Siku mbili sikumsemesha. Basi tu. Wivu, kama mnataka neno lake.

Mechi yenyewe, sare ingetutosha kubaki kwenye ligi. Zilikuwa zimebaki dakika kama kumi na bado ni sufuri kwa sufuri. Uwanja umejaa, vuvuzela, matusi, maombi, kila kitu. Nikamuona kiungo wao ameinua kichwa, na nikajua anataka kupiga mrefu. Miguu yangu ikapanda. Mdomo ukabaki umefungwa.

Nilikusudia? Nimejiuliza mpaka swali lenyewe limenichoka. Sikupanga, Mungu anajua. Lakini mdomo ulikuwa na siku mbili za kutomsemesha huyo mtu, ukafanya ulichozoea. Mabeki wa pembeni huniangalia mimi, wakaona mwili wangu unapanda, wakapanda. Yeye alikuwa anaangalia mpira na kunisubiri kwa masikio. Akabaki. Straika wao hakuwa ameotea hata kwa unywele, akaenda ana kwa ana na kipa wetu, akamlaza, akafunga. Tukashuka daraja.

Kwenye chumba cha kubadilishia nguo hakuna aliyevua jezi. Kochi alisimama mbele ya mwenzangu, hakupiga kelele, na hilo lilikuwa baya zaidi. Akamuuliza, "Mbona ulibaki?"

"Sikusikia," akasema.

Kochi akanigeukia. "Wewe uliita?"

Hapo ndipo maisha yangu yalipo, kwenye hilo swali. Kulikuwa na muda. Wallahi kulikuwa na muda mrefu kabisa, mtu angeweza kunywa maji. Mabeki wa pembeni walikuwa wanaangalia chini, wao hata hawakujua kama niliita au sikuita, kelele zilikuwa nyingi. Nikasema, "Niliita."

Mwenzangu aliniangalia. Nilikuwa tayari anirukie. Ningemshukuru angenirukia. Akaitikia kwa kichwa polepole, kama mtu anayekubali bei, akawaambia wote, "Basi ni mimi. Poleni, wasee." Kisha akainama, akachukua begi lake, akachukua na langu.

Alibeba mabegi mawili hadi steji. Mimi nilitembea nyuma yake, sikupiga mluzi. Nilidhani ananisimanga, ati anajua nimedanganya na ananionyesha mbele ya watu. Nikakasirika kabisa, fikiria! Mimi ndiye nilikasirika. Tulipofika steji akaniwekea begi langu miguuni, akaifuta kamba yake matope kwa kiganja, akasema, "Wacha tu. Tutaonana." Hatukuonana.

Timu ilimwacha wiki hiyo hiyo. Na wale wa timu kubwa, waliokuwa wamemfuata yeye, wakaja kwangu. Walisema wanataka beki mwenye sauti. Nikatia sahihi. Alinipigia simu mara mbili, nikaiangalia ikiita mpaka ikakata, na baadaye nikabadilisha laini ya simu nikijidanganya ni kwa sababu ya mtandao mzuri.

Miaka saba ya timu kubwa sina mengi ya kusimulia. Nilihamia fleti yenye lifti isiyofanya kazi. Nilipewa wenzangu wa katikati wanne, mmoja baada ya mwingine, vijana wazuri, na hakuna hata mmoja aliyekula kwetu. Nilianza kuita kupita kiasi. Naita mpira ukiwa kwetu, naita ukiwa kwao, naita mpira ukiwa umetoka. Wakanibandika jina la Redio. Walicheka nami nikacheka, kisha kwenye safari kila mtu akaweka vitu vyake masikioni, na mimi nikakaa dirishani na begi langu kwenye kiti cha pili. Nilikuwa mpweke sana, hakuna haja ya kulipamba. Jukwaa linakuimbia, na hujui umpigie nani simu baadaye.

Mama ndiye hakuniacha. Alirudi nyumbani Ziwa, na kila akipiga simu lazima afike hapo. "Yule kijana wangu wa Kawangware yuko wapi? Mbona haji kula?"

"Ana kazi nyingi, Mama."

"Kazi gani hiyo isiyoruhusu mtu kula?" Na mimi nasema mtandao ni mbaya.

Goti lilipokataa kabisa, klabu ilinipa jezi kwenye fremu na makofi. Nikarudi Kianda. Watu wa mtaa walinisalimia mwezi wa kwanza, "Kapteni! Form ni gani?", kisha wakapata mambo yao ya kufanya, na siwalaumu. Hiyo ni miaka miwili iliyopita.

Juzi nikakutana na kipa wetu wa zamani pale mtaa wa Soweto East. Amenenepa, ana duka la vyombo chini ya zile fleti mpya. Tukaongea hili na lile, halafu akasema, "Si mwenzako ana kisiagi cha unga Kawangware? Nilimpelekea vyombo. Huwa anakuulizia wewe."

"Anauliza nini?" nikasema.

"Kama goti limepona."

Nilirudi chumbani nikakaa kitandani na viatu. Kama angekuwa ananitukana ningelala vizuri. Mtu niliyemharibia maisha anaulizia goti langu! Niliamua nitaenda nimwambie. Kama alijua, ajue kwamba najua anajua. Kama ananichukia, anichukie uso kwa uso. Nilitaka jambo moja tu, niseme lile neno kwake yeye, sikuita, na yeye alisikie kutoka kwa mdomo uleule.

Nilienda alasiri ya siku ya pili, kwa miguu, nikavuka Ngong Road nikipumzisha goti kwenye kila ukuta. Kisiagi chake hakikuhitaji kuuliziwa, unakisikia kabla hujakiona. Kibanda cha mabati, kina mama wamepanga foleni na mikebe yao ya gorogoro yenye mahindi, na ndani mtu mmoja mweupe wa unga kuanzia nyusi hadi viatu. Aliniona. Akainua mkono, akaimaliza foleni, akamwagia mama wa mwisho unga wake kwenye mfuko, akazima mashine. Nilisikia ule ukimya kwenye meno.

"Mpangaji," akasema.

"Landilodi."

Alinikumbatia, akanipaka unga wote. Akanivutia ndoo niketi, yeye akaketi kwenye gunia. Nyuma yake, kwenye msumari, lilining'inia begi la timu yetu ya zamani, rangi imekwisha. Akaona naliangalia. "Hilo ni la ovaroli na chakula siku hizi," akasema. Akauliza mama yuko wapi, nikamwambia yuko nyumbani na bado anaulizia nani atakula kichwa. Akacheka mpaka unga ukamtoka kwenye nywele.

Nikamuuliza kama anacheza, hata na wazee wa Jumapili.

"Mimi? Sichezi. Nitaua timu ya watu bure." Alisema vizuri tu, kama mtu anayekuambia hali pilipili. "Kwani sikukuambia? Ah, nilikupigia, hukushika. Baada ya ile mechi nilienda kupimwa masikio."

"Kupimwa masikio," nikasema.

"Ndiyo. Manze nilirudia ile dakika kichwani, nikairudia, nikatafuta sauti yako, haikuwepo. Sikuikumbuka kabisa. Na wewe hujawahi kukosa kuita, hata mara moja. Nikaona basi masikio yamekufa. Daktari akanivalisha vile vitu, akapiga kengele kengele, akasema ni mazima, nenda nyumbani. Hapo ndipo niliogopa. Nikajua basi ni kichwa. Kuna kitu kinazimika mechi ikiwa moto." Akagonga paji la uso kwa kidole, unga ukadondoka. "Timu mbili zilikuja kuniuliza mwaka ule. Nilikataa. Nitawezaje kusimama katikati na sijui ni saa ngapi nitazimika tena? Hata hii mashine, mwaka wa kwanza, ndugu yangu alikuwa anasimama karibu nami."

Nilikuwa nimekuja na hotuba. Niliipanga njiani kote, ina mwanzo, ina wivu, ina zile siku mbili. Miaka tisa nilidhani kwamba alijua. Nilidhani ule mzigo tumeubeba wawili, yeye huku na mimi kule, na kwa njia fulani ya kipumbavu hilo lilinifariji. Kumbe aliniamini. Aliniamini mimi akayakataa masikio yake mwenyewe.

"Sikuita," nikasema.

Akabaki na tabasamu lake vile vile. "Nini?"

"Siku ile. Sikuita. Nilipanda nikanyamaza, kisha nikamwambia kochi niliita. Masikio yako hayakuwa na kitu. Kichwa chako hakikuwa na kitu."

  Mama mmoja alifika na debe, akatuangalia, akaona aende kisiagi kingine. Mwenzangu alipandisha mkono polepole akashika sikio lake la kulia, akalishika tu, kama anahakikisha liko. Nilisubiri anitukane. Nilisubiri anipige, na goti langu lile nisingekimbia. Ilipotoka sauti yake ilikuwa ndogo, na haikuwa inanizungumzia mimi.

"Nilikuwa na miaka ishirini na sita," akasema.

Nikasema nisamehe. Nikalisema tena.  Alisimama, akafagia unga uliomwagika, akaufunika mdomo wa mashine kwa gunia, akafanya kila kitu sawasawa bila haraka. Nje jua bado lilikuwa juu na foleni ingerudi wakati wowote, lakini alikuwa anafunga. Akalishusha lile begi kutoka kwenye msumari, tukatoka, akavuta mlango wa bati, akaliweka begi chini akitafuta kufuli mfukoni.

Nikainama nikashika kamba ya begi. Sheria ni sheria, na ile ndiyo njia pekee niliyojua ya kumaliza kosa. Nilitaka kulibeba mpaka kwake, hadi steji, hadi popote, atembee mbele mikono mitupu na kumwambia kila mtu kwamba mimi ni mtu wake wa mizigo.

Aliuweka mkono wake juu ya wangu. Hakuukaza. Akanifungua vidole, kimoja kimoja, akachukua begi.

"Wacha," akasema. "Ni jepesi."

Akabana kufuli, akaondoka. Hakukimbia, hakugeuka. Alipita kwenye vibanda vya mboga, watu wakamsalimia akawajibu, mgongo wote mweupe wa unga. Mashine ilikuwa imezimwa, barabara ilikuwa imetulia, hakuwa mbali. Ningemwita angenisikia. Nilijua sasa kwamba angenisikia vizuri kabisa. Nilifungua mdomo, nikasimama hivyo mpaka akakata kona.

Mama mmoja akaja na gorogoro yake kichwani, akausukuma mlango, akanitazama nilivyopakwa unga, akadhani mimi ni wa hapo.

"Mmefunga?" akaniuliza.

"Amefunga," nikamwambia.